Mgeni wa Uskoti akisema "dreich": namna ya kulielewa, kulitamka na kulijibu

Ukipanda Kilimanjaro na Mskoti mwezi wa saba kwa geti la Machame, hutafika mbali msituni kabla hujalisikia. Ukungu umeshuka mpaka vichwani, manyunyu yanaingia shingoni bila kuonekana yanatoka wapi, njia ni tope tupu. Mgeni anavuta kofia ya koti lake, anatazama juu ambako hakuna cha kutazama, anasema neno moja tu: dreich. Kisha anaendelea kutembea, na ukimwangalia vizuri utaona anatabasamu.

Hapo ndipo vijana wengi wanapoharibu. Wanadhani mgeni analalamika, basi wanaanza kuomba radhi: pole sana, kesho jua litatoka, usijali. Mmoja aliyekuwa msaidizi wangu alidhani amesikia neno la Kiingereza la "kavu". Akamjibu mama wa watu kwa heshima zote kwamba ndiyo, leo ni kavu sana. Maji yalikuwa yanamtiririka puani. Yule mama alicheka mpaka kambini, na wagumu, yaani wapagazi wetu, wakambatiza kijana jina la Kavu, analo mpaka leo.

Naandika kwa ajili ya akina Kavu wote: wasaidizi wa mlimani, madereva wa Arusha wanaopokea wageni KIA, uwanja wa ndege wa Kilimanjaro, na dada zetu wa mapokezi hotelini. Mimi kazi yangu ni kuongoza wageni Kilimanjaro, nyumbani kwangu ni Rau, na wageni wa Uskoti nimewapandisha kwa njia karibu zote za mlima huu. Neno hili nimelisikia Marangu, Umbwe na Lemosho. Rongai kidogo, maana upande ule ni mkavu.

Kwanza ujue unaongea na nani

Kwa Kiswahili tumezoea kusema Uingereza tukimaanisha ufalme wote. Mskoti hilo halipendi. Uskoti iko kaskazini ya kisiwa kile kile, chini ya mfalme mmoja na Waingereza, lakini ukimwita Mwingereza ujue umeanza safari vibaya. Lugha zao ni tatu. Kuna Kiingereza. Kuna Kigaeli, ambacho ni lugha ya ukoo mwingine kabisa. Na kuna Kiskoti, ambacho na Kiingereza ni kama Kimachame na Kirombo: wamezaliwa nyumba moja, lakini mmoja akiongea haraka mwenzake anabaki ametoa macho. Kwenye sensa ya 2011 watu zaidi ya milioni moja na nusu walisema wanakiongea Kiskoti.

Dreich ni la Kiskoti. Utakutana na mgeni atakayekuambia ni Kigaeli. Usibishane naye, ila wewe ujue.

Kulitamka

Anza na "drii", i iwe ndefu. Malizia kwa kh, ile ya mwisho wa Sheikh. Wenzetu wa pwani na waliopita madrasa hawana shida. Kazi iko kwetu sisi wa bara ambao hata kheri tunaiita heri. Ninachowafanyisha vijana getini tukisubiri vibali ni hiki: sema "akh!" ya mtu aliyeonja maziwa yaliyochacha, sikiliza hewa inavyokwaruza nyuma ya koo, kisha weka sauti hiyo hiyo baada ya "drii". Driikh. Rudia mpaka ranger akugeukie.

Usiseme "drik", na usiseme "drich" kwa ch ya chai. Ukishindwa kabisa malizia kwa h nzito, "driih", watakuelewa. Faida ya kuipata kh hii ni kwamba unapata na "loch", neno lao la ziwa, na Mskoti akisikia Mchaga ameitamka sawasawa, wakati watu wa London wanasema "lok", safari nzima atakuhesabu ndugu yake.

Kinachobebwa na neno lenyewe

Ukimuuliza mgeni maana yake atakuambia: hali ya hewa mbaya. Ni kweli, lakini ni kweli nusu, na ukiishia hapo utalitumia vibaya. Mvua kubwa ya radi ni hali ya hewa mbaya na siyo dreich hata kidogo.

Msingi wa neno ni urefu. Lina undugu na neno la zamani la watu wa Skandinavia, drjúgr, lenye maana ya kitu kinachodumu, kisichoisha upesi. Lina ndugu mwingine ndani ya Kiskoti chenyewe, "dree", yaani kuvumilia, kustahimili. Kwa hiyo Waskoti wa zamani waliposema dreich hawakuwa wanatazama mawingu. Walikuwa wanasema habari ya barabara isiyofika, kazi isiyokwisha, safari inayoburuta miguu. Kutoka kwenye urefu neno likaingia kwenye uchovu, kutoka kwenye uchovu likaingia kwenye kuchosha, na kwa kuwa nchini kwao hakuna kitu kirefu na cha kuchosha kupita anga la kijivu, mwishowe likatua kwenye hali ya hewa na kukaa hapo. Kamusi zao za Kiskoti, kuanzia ile ya John Jamieson ya 1808, ukizifungua utazikuta maana hizo za zamani bado zipo.

Kipimo ninachowapa vijana ni neno letu wenyewe: imekaa? Tunasema mvua imekaa, ukungu umekaa. Hali iliyokuja na itakayoondoka siyo dreich. Hali iliyokaa, haina nguvu, haina rangi, wala haina mpango wa kuondoka, hiyo ndiyo.

Sasa tuipeleke kwenye kalenda yetu. Masika ya mwezi wa nne pale Moshi, mvua inapiga bati usiku kucha, mto Rau unanguruma, asubuhi barabara imechimbika na saa sita jua linachoma. Siyo dreich. Vuli ya mwezi wa kumi na moja, wingu jeusi linapiga kwa saa moja na kuondoka: siyo dreich. Lakini kuanzia mwishoni mwa mwezi wa sita mpaka wa nane, mlima umejificha, watu wa mjini wanaanza kusahau uko upande gani, nguo kwenye kamba zina siku tatu hazijakauka, wazee wamevaa makoti ya mitumba saa saba mchana, na kuna kitu hewani ambacho huwezi kukiita mvua kwa sababu hakuna anayekikimbia. Hapo dreich imetimia. Arusha ndiyo zaidi, kwa kuwa mji umekaa juu zaidi, kama mita 1,400. Ukitoka Ngaramtoni asubuhi ya mwezi wa saba na mlima Meru hauonekani hata kivuli chake, mgeni wako wa Uskoti atajisikia amefika nyumbani.

Mlimani mambo yanageuka, na hapa wasaidizi wanachanganya. Msimu ule wa baridi mawingu hukaa chini, kwenye msitu. Ukitoka kambi ya Machame, mita 2,835, ukapanda kuelekea kambi ya Shira, mara nyingi unayatoboa na kuyaacha chini yako. Juu ni jua na baridi kavu. Ukimwambia mgeni kambi ya Karanga ni dreich wakati anga ni buluu na maji ya kunawa yameganda, atakutazama. Hiyo ni baridi tu. Na theluji ikishika kambi ya Barafu kwa upepo mkali, hiyo ni hatari, siyo dreich. Dreich haiui mtu. Inamchosha tu.

Namna ya kujibu

Kubali. Hilo ndilo jibu zima, mengine ni mapambo.

Mskoti akisema dreich hakudai pesa irudishwe. Anakukaribisha mnung'unike pamoja kidogo, na kwao kunung'unikia anga pamoja ni namna ya kusalimiana, kama sisi tunavyoulizana habari za nyumbani hata kama tumeonana jana. Ukimwomba radhi umemkatalia salamu. Ukimwahidi jua umemfanya mtoto, na lisipotoka umekuwa mwongo.

Jibu fupi ni "aye". Tamka "ai", yaani anza kusema aisee halafu uishie nusu. Maana yake ndiyo. "Aye, dreich." Baada ya hapo nyamaza, tembea. Kimya hicho nacho ni sehemu ya mazungumzo yao, usikijaze na historia ya mlima.

Ukishazoea, ongeza "gey", inayotamkwa karibu na "gai", yaani sana. "Gey dreich." Na kwa siku ambayo kweli imezidi, ambayo hata wagumu wamenyamaza, kuna ustadi wa kupunguza badala ya kuongeza: "a bit dreich", dreich kidogo. Hii ndiyo inayowaua kwa kicheko, lakini isemwe ukiwa umelowa mpaka soksi. Ukiwa mkavu chini ya mwavuli haina maana.

Ukitaka kumpa matumaini mpe ya kweli: mwambie dreich iko msituni, kesho mchana tutakuwa juu yake. Tarajio la mita na saa linamtuliza kuliko pole kumi.

Jambo moja la kazi hapa. Wengi wa wageni hawa ni watembea milima kwao, na kwao ukungu ukishuka mtu hukaza mwendo ashuke nyumbani. Mlima wao mrefu kuliko yote, Ben Nevis, una mita 1,345. Geti la Machame peke yake liko kama mita 1,800. Yaani kabla hajapiga hatua ya kwanza yuko juu ya kila alichowahi kupanda kwao, na manyunyu yanamfanya ajione yuko kwake. Atakimbia. Usimruhusu. Hali ya hewa anaijua, mwinuko haujui. Ninapoona mgeni amesema dreich kwa furaha halafu anaanza kunipita, natuma msaidizi mbele yake mwenye hatua fupi.

Maana za zamani, zenye utamu zaidi

Hapa ndipo utamwacha mgeni mdomo wazi, kwa sababu Waskoti wenyewe, hasa vijana wao, wamebaki na ile ya hewa tu.

Tumia dreich kwa njia. Vijana wote hukimbilia kulitumia kwenye usiku wa kilele, kutoka Barafu mita 4,673 mpaka Stella Point, ukingoni mwa kreta, mita 5,756, changarawe inayorudi nyuma chini ya kiatu, taa za kichwani zimepangana juu mpaka unadhani ni nyota. Ni ndefu, kweli. Mimi siikubali. Usiku ule una hofu na una hamu, mtu yuko macho kwa kila hatua, na kitu chenye hamu ndani yake hakiwezi kuwa dreich. Dreich ya kweli ni Mweka, njia ya kushukia. Umeshapiga picha kwenye kibao cha kileleni, mita 5,895 umezimaliza, hakuna unachokitafuta tena, na bado kuna ngazi za matope za kushuka mpaka geti lililoko kama mita 1,640. Magoti yanalia. Kila kona unadhani utaona bati la ofisi, unaona kona nyingine. Manyunyu yapo, yasiwepo, haijalishi. Mwambie mgeni pale, "the road is dreich", kisha mweleze kwamba mababu zake walilitumia hivyo kabla hawajalipeleka angani. Kuna mzee mmoja, mwalimu mstaafu, aliyesimama katikati ya tope akaandika kwenye daftari lake.

Tumia kwa maneno marefu. Mahubiri ya dreich ni matumizi ya kale kabisa kwao, nchi ya wachungaji waliokuwa hawatazami saa. Wageni wakibaki Jumapili na wakataka kuona ibada ya Kilutheri huku Moshi, wapeleke, wataipenda kwa ajili ya kwaya, na mnada wa ndizi na kuku baada ya ibada wataupenda zaidi. Mahubiri yetu siyasemi vibaya. Ila yale matangazo kabla ya sadaka, meku, yale ni dreich halisi, na mgeni yeyote aliyekaa kwenye benchi lile atakukubalia.

Na tumia kwa mtu anayechelewesha deni. Ndiyo, hilo nalo limo: mtu mzito kulipa, mzito kuamua, wanamwita dreich. Tuliofanya kazi na makampuni ya watalii hatuhitaji kufafanuliwa. Kuna kampuni moja niliyoipandishia kundi, mshahara wa wagumu ukawa wa njoo Jumatatu, njoo mhasibu akirudi, njoo mwezi ukiisha, tukapigwa kalenda mpaka wengine wakaacha kuuliza. Hakuna aliyetunyima. Hakuna aliyetutukana. Ilikaa tu, kama ukungu wa msituni. Nilipomsimulia mgeni wa Aberdeen kisa hicho kwenye hema la chakula ndiye aliyenifundisha matumizi haya.

Usilitumie hapa

Usimwambie mtu usoni kwamba yeye ni dreich. Kwa mgeni ni sawa na kumwambia anaboa. Usilitumie kwa chakula. Supu ya mpishi ikiwa haina chumvi ina majina yake. Usilitumie kwa ugonjwa: mgeni akisema kichwa kinamuuma na hataki kula, achana na maneno ya Kiskoti, mpime, mshushe ikibidi. Usilifungulie maongezi kwa Mwingereza au Mmarekani, wengi hawalijui na utabaki unaeleza badala ya kuongoza. Na tafadhali usiige lafudhi yao sentensi nzima. Neno moja lililotamkwa vizuri ni heshima, sentensi kumi ni maigizo.

Usilipachike KIA mara tu mgeni anapotoka na mizigo yake, labda kweli kuwe na manyunyu. Subiri alitaje yeye kwanza, au subiri hali ilitaje. Kama unatafuta cha kumwambia garini kabla ya hapo, mwambie habari za Joseph Thomson. Alikuwa kijana wa Penpont, kusini ya Uskoti, akafika huku 1883 akielekea Umasaini, akajaribu kupanda huu mlima wetu na kufika kama mita 2,700 kisha akageuza. Swala tomi mnaowaona mbugani jina wamelipata kwake. Wageni wengi wa Uskoti hawajui kwamba yule mnyama anayetingisha mkia kila dakika kule Serengeti amebeba jina la mtu wao.

Majirani wa neno

Usilazimishe dreich ibebe kila kitu. Yale manyunyu membamba yasiyo na sauti ya msitu wa Machame wanayaita "smirr". Mtu aliyelowa chapachapa ni "drookit", na hili utalihitaji kila jioni hema za wageni zinapofunguliwa. Kuna "haar", ukungu baridi unaotoka Bahari ya Kaskazini kuingia pwani yao ya mashariki, Edinburgh na Aberdeen. Hilo liache. Mlimani hatuna bahari, na mgeni wa pwani ile atakusahihisha.

Kuliandika

Siku hizi maongezi na wageni huanza kwenye WhatsApp wiki kadhaa kabla ya safari, na swali lao la kwanza ni hali ya hewa. Andika dreich: e kabla ya i, c kabla ya h. Simu italipigia neno mstari mwekundu, achana nao. Ujumbe ninaopenda kutuma mwezi wa saba ni huu: "Dreich in Moshi the day. Bring the good jacket." Wao husema "the day" wakimaanisha leo, na mgeni akiona hivyo anajua kiongozi wake siyo wa kubahatisha.

Hilo la koti lisisitize kuliko neno lenyewe. Mskoti aliyezoea manyunyu huja na koti lake la siku zote, la kwenda nalo dukani, na msitu wa Machame unalipenya kabla ya chakula cha mchana. Likipenya, mkodishie ponjo, lile vazi la mvua la kujifunika, mjini usiku wa kuamkia safari. Usingoje getini, kule bei ni ya mgeni hata kama anayelipa ni wewe.